Mafunzo Niliyopata Nikichora Nyika ya Saskatchewan

Uchoraji nilifundishwa Dar es Salaam, kwa fundi wa mtindo wa Tingatinga ambaye hakuvumilia ubao wenye nafasi wazi. Pakibaki pembe, tia ndege. Ndege asipoenea, tia ua. Kisha maisha yakanipeleka Saskatoon, Kanada, kwenye nchi bapa ya majani na ngano, na mwaka wa kwanza mzima nilikosa cha kutia. Haya nimeyaokota tangu hapo.

1. Shusha upeo. Nilikuwa nikiikata picha katikati, nusu mbingu nusu majani, ikatoka kama khanga mbili zilizoungwa vibaya. Mkulima mmoja mzee alisimamisha pikapu yake, akatazama kazi yangu, akauliza mbona nimeibana mbingu. Kweli, huku unaweza kuiona mvua ikinyesha mashamba ya mbali na wewe bado unaota jua. Siku hizi ardhi naipa robo ya picha, pengine vidole viwili tu.

2. Mwenye duka la picha atataka twiga. Wa kwangu alitaka. Nilimchorea mmoja amesimama kwenye theluji; naona haya mpaka leo.

3. Jua mimea kwa majina. Ile njano inayochoma macho mwezi Julai ni kanola. Buluu iliyotandaa kama ziwa ni kitani, nayo ilinitesa. Niliianza asubuhi, nikaenda kula, niliporudi alasiri ziwa limekauka. Nikadhani nimekosea njia. Kumbe ua la kitani hufunguka jua likichomoza, na ikifika mchana petali zake zimeshapukutika. Kesho yake hufunguka mengine. Kilichonichekesha zaidi ni kwamba mafuta yanayosagiwa rangi za mafuta hukamuliwa kwenye mbegu za mmea huohuo. Nilikuwa nimesimama shambani nikilitafuta shamba, na tyubu yake ninayo mkononi.

4. Rangi za maji na Januari havipatani. Siku moja, nyuzi 30 chini ya sifuri, rangi iliganda karatasini ikafanya manyoya ya barafu mazuri ajabu. Nikashangilia peke yangu. Nyumbani, karibu na hita, manyoya yakayeyuka, likabaki tope. Sasa wakati wa baridi nachora kwa penseli ndani ya gari, na rangi naziandika kwa maneno: samli, majivu, maziwa yaliyochacha. Kupaka ni nyumbani.

5. Tazama kazi za wazawa. Dorothy Knowles, aliyezaliwa Unity, Saskatchewan, mwaka 1927, aliendelea kuchora mito na majani ya kwao hata pale wenzake wengi walipohamia kwenye michoro isiyo na umbo la kitu. Katika picha zake nyingi, mistari ya mkaa huonekana chini ya rangi iliyozimuliwa mpaka ikawa nyepesi kama chai. Nilijifunza kwake kuacha nafasi ipumue. Fundi wangu angenifukuza.

6. Acha kupaita patupu. Mimi nilipaita hivyo miaka miwili. Wakrii, wenyeji wa asili wa huku, waliishi nyika hizi wakiwinda baisani, kabla wanyama hao hawajaangamizwa karne ya 19. Na mwaka 1871 serikali ya Kanada ilianza kupima nyika zake kwa miraba ya maili moja moja, ndiyo maana barabara zimenyooka kama zimepigwa rula. Nikichora barabara, najua nachora kazi ya wapima ardhi.

Kitani cha yule mkulima mzee wa pikapu kimeanza kuchanua wiki hii. Kesho jua linachomoza karibu saa kumi na moja alfajiri, na ubao nimeshaupakia garini.