SOMO LA LEO: TUWEKE AKIBA YA KAZI ILIYOMO KWENYE KOMPYUTA

Vijana wetu wengi wanacheza michezo ya kompyuta. Mmojawapo ni Minecraft, uliotolewa rasmi mwaka 2011. Mchezaji anachimba mawe, analima, anajenga nyumba. Kazi yake yote inaitwa "dunia".

Katika toleo la Java, dunia ya anayecheza peke yake haikai kwenye intaneti. Inakaa ndani ya kompyuta ile ile. Kompyuta ikiungua au ikiibiwa, kazi ya miezi imekwisha!

Basi tufanyeje? Kwa kompyuta ya Windows:

1. Tufunge mchezo kwanza. Tukinakili wakati mchezo bado unaandika, nakala yaweza kuharibika.
2. Tubonyeze kitufe cha Windows pamoja na herufi R.
3. Tuandike %appdata% halafu tubonyeze Enter.
4. Tufungue folda iitwayo .minecraft, kisha ile iitwayo saves. Humo kila dunia ina folda yake.
5. Tunakili folda nzima ya dunia, siyo faili moja tu, tuibandike kwenye flashi.
6. Flashi tuiweke mbali na kompyuta.

Siku ya kurudisha, folda hiyo tunaibandika tena ndani ya saves.

Mkulima haweki mbegu zote ghala moja. Panya wakiingia, atapanda nini? Na anayejua kutunza dunia ya mchezo, atajua pia kutunza hesabu za ushirika.

MASWALI
1. Kwa nini tunafunga mchezo kwanza?
2. Flashi iwekwe wapi? Kwa nini?