ELIMU KWA WANANCHI: MONDO, PAKA WA PORINI ALIYE MLINZI WA SHAMBA

Wahenga wamesema, paka akiondoka, panya hutawala. Msemo huu huchukuliwa kuwa ni fumbo la mambo ya binaadamu, lakini katika vijiji vya Mkoa wa Simiyu, Tanzania Bara, una maana yake ya dhahiri. Paka anayehusika huko si yule wa nyumbani, bali ni mnyama wa porini aitwaye mondo. Mondo haishi Unguja wala Pemba, na ndiyo sababu wananchi wengi wa visiwani hawamfahamu.

Mkoa wa Simiyu uliundwa mwaka 2012 kutokana na sehemu ya Mkoa wa Shinyanga, na makao makuu yake ni mji wa Bariadi. Wakaazi wake wengi ni Wasukuma, ambao ni wakulima wa pamba, mahindi, mtama na mpunga, na wafugaji hodari wa ng'ombe. Kwa upande wa mashariki mkoa unapakana na Hifadhi ya Taifa ya Serengeti, na humo limo Pori la Akiba la Maswa. Kwa hiyo mashamba na pori yamekuwa majirani, na mondo hupita baina ya pande hizo mbili. Hupendelea majani marefu yaliyo karibu na maji, kama vile mabonde ya mito, kingo za vinamasi na matete.

Sifa zake

Mondo ni paka wa kimo cha wastani. Dume huwa na uzito wa kilo 9 hadi 18, na jike ni mdogo zaidi. Kimo chake begani hufikia sentimita 60 hivi. Miguu yake ni mirefu kuliko ya paka wote duniani ikilinganishwa na kiwiliwili chake. Masikio yake ni makubwa yaliyosimama, na nyuma ya kila sikio ni peusi penye doa jeupe. Mkia wake ni mfupi wenye pete nyeusi, na ngozi yake ni ya manjano yenye madoa meusi.

Madoa hayo ndiyo yanayomletea balaa, kwani wasiomjua humdhania kuwa ni mtoto wa chui au wa duma. Ieleweke kuwa chui ana madoa yaliyokusanyika mithili ya maua, na duma ana mstari mweusi unaoteremka kutoka jichoni hadi mdomoni. Mondo hana kimoja kati ya hivyo. Hata hivyo, wapo wafanyabiashara wasio waaminifu ambao huuza ngozi yake kwa jina la chui.

Chakula na manufaa yake

Mondo huwinda zaidi kwa kusikia kuliko kwa kuona. Husimama kimya katika majani, akatega masikio mpaka asikie nyendo za panya, kisha huruka juu na kumwangukia kwa miguu ya mbele. Mtafiti Geertsema, ambaye utafiti wake juu ya mondo wa Bonde la Ngorongoro ulichapishwa mwaka 1985, alikuta kuwa karibu nusu ya majaribio yake ya kuwinda hufanikiwa. Alikadiria pia kuwa mondo mmoja huua panya wapatao 4,000 kwa mwaka, yaani takriban 11 kwa siku, mbali na nyoka na ndege.

Mkulima ataifahamu vyema thamani ya hesabu hiyo. Panya shamba hufukua mbegu za mahindi mara tu zinapopandwa, na jike mmoja huweza kuzaa watoto 10 au zaidi kwa uzao mmoja. Mondo jike, kwa upande wake, huchukua mimba siku 70 hivi na huzaa watoto wawili au watatu tu. Kwa hivyo, akiuawa mondo mmoja, pengo lake halizibiki upesi.

Ugomvi wake na binaadamu

Haifai kuficha kuwa mondo huiba kuku. Kwa familia yenye kuku wachache hasara hiyo si ndogo, na hasira za mwenye mali zinafahamika. Lakini dawa yake si mtego wala sumu. Sumu haichagui: huua pia mbwa wa mfugaji na ndege wanaokula mizoga. Aidha, Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori Namba 5 ya mwaka 2009 inakataza kuwinda mnyamapori au kumiliki ngozi yake bila ya kibali.

Mambo yafuatayo husaidia zaidi:

(a) Kuku walazwe ndani ya banda imara lenye mlango na paa, na wafungiwe kabla ya jua kuzama.

(b) Majani marefu yaliyo karibu na banda yafyekwe.

(c) Majani ya mabondeni yasichomwe ovyo, kwani ndiyo maskani ya mondo na watoto wake.

Somo kwa watu wa visiwani

Wananchi wa Unguja wanao ushahidi wao. Chui wa Unguja, aliyekuwa mdogo kuliko wa Bara, alihesabiwa kuwa adui na akasakwa kwa kampeni baada ya mwaka 1964. Katika miaka ya 1990 watafiti walieleza kuwa matumaini ya kumnusuru yalikuwa madogo mno. Leo watoto wa skuli humwona chui huyo akiwa amekaushwa katika makumbusho.

Mondo wa Simiyu bado yupo, na katika Afrika kwa jumla hajafikia hatua ya kutoweka. Kumjua mapema kabla ya kumhukumu ni jambo jepesi. Kumrejesha baada ya kumaliza kizazi chake ni jambo lisilowezekana. Wananchi wanaosafiri kwenda Bara kwa biashara wanakumbushwa wasinunue ngozi ya mnyama yeyote wa porini, na walimu wa skuli wanaombwa kuwafundisha wanafunzi tofauti za wanyama hawa.