SOMO LA MAKATIBU: PROGRAMU YA NCHI JIRANI NA DAFTARI LA MWANACHAMA



Katika ziara za ukaguzi kati ya Kilosa na Mikumi nimeulizwa swali moja mara nyingi kuliko mengine yote: je, chama cha msingi chaweza kuagiza programu ya kompyuta kwa kampuni ya Nairobi, Kampala au Kigali? Jibu la kwanza ni fupi. Chama kilichoandikishwa ni mtu mbele ya sheria, nacho chaweza kufunga mkataba na kampuni ya nje, maadamu matumizi hayo yamo katika makisio yaliyopitishwa na Mkutano Mkuu, na kama fedha ni za mkopo, maadamu ukomo wa madeni ulioidhinishwa na Mrajis haukuvukwa.

Jibu la pili ni refu, nalo ndilo somo la leo. Hapana budi katibu ajiulize: siku fundi yule atakapoondoka, ni kitu gani kitakachobaki mikononi mwa chama?

Tuanze na maana ya jambo lenyewe. Kuandika programu ni kazi inayoweza kufanywa mbali na mahali itakapotumika. Makampuni ya Marekani na Ulaya yalianza zamani kuipeleka India, ambako mafundi ni wengi na ujira ni nafuu. Baadaye baadhi yao waliona taabu ya umbali: mmoja anapoamka mwenzake amekwisha lala, na jambo dogo la kuelezana kwa dakika kumi huchukua siku mbili. Basi wakatafuta mafundi katika nchi za karibu. Wamarekani wakaenda Mexico, na Wajerumani wakaenda Poland na Romania. Sababu ni zile zile ambazo zingetuvuta sisi kwenda kwa majirani zetu. Saa ya Kampala na ya Nairobi ndiyo saa ya Dar es Salaam, na Kigali iko nyuma kwa saa moja tu. Fundi aweza kupanda basi akafika. Kiswahili anakifahamu, ingawa mara nyingine Kiswahili chake na chetu hupishana njiani.

Kwa upande wa Kenya ipo faida nyingine, nayo tusiifiche kwa ajili ya uzalendo. Vyama vya akiba na mikopo vya Kenya ni vikubwa sana, na tangu Sheria yao ya mwaka 2008 vinasimamiwa na mamlaka maalumu iitwayo SASRA. Kwa hiyo mafundi wa Nairobi wamekuwa na miaka mingi ya kujifunza hisa, akiba, mikopo na riba. Chama chetu cha akiba na mikopo kikienda huko kitakuta programu iliyokwisha kutumiwa na wengine, wala hakitakuwa wa kwanza kugundua makosa yake.

Lakini chama cha mazao si chama cha akiba na mikopo. Hesabu ya mkulima wa Ruhembe au Kidodi haianzi kwenye mshahara, inaanza kwenye mzani. Miwa hulipwa kwa uzito na kwa kiwango cha sukari kilichopimwa kiwandani, na kabla fedha haijamfikia mkulima hukatwa gharama ya kuvuna, ya kusafirisha, ya pembejeo na ushuru wa chama. Ufuta wa Kilosa nao una njia yake ya ghala, stakabadhi na mnada. Nimeona programu ambayo neno «mkopo» lilikuwa na kurasa saba na neno «mzani» halikuwamo kabisa. Fundi hakukosa akili. Hakuna aliyemweka siku moja penye mzani akaona magari yanavyoingia.

Sasa nitoe habari ya chama kimoja katika eneo langu la kazi, ambacho sitakitaja jina, kama nisivyoitaja kampuni. Chama hicho kiliagiza programu kwa kampuni ndogo ya nchi jirani. Bei ilikuwa nzuri, vijana walikuja wenyewe, wakakaa wiki moja, wakafundisha karani, wakaondoka kwa heshima. Misimu miwili kazi ilikwenda vizuri kuliko wakati wa leja za mkono. Msimu wa tatu, siku chache kabla ya malipo, programu haikufunguka. Kwenye kioo palikuwa na maneno ya Kiingereza yakidai ada ya mwaka kwa dola. Katibu aliyekuwa na neno la siri alikwisha acha kazi. Simu ya kampuni haikupokelewa. Kumbe wale vijana walikuwa wamepata kazi kubwa zaidi mahali pengine, na kampuni yao ilikuwa imebaki jina.

Nilipofika, wanachama walikuwa wamejaa barazani. Mzee mmoja aliniuliza, bila mzaha, kama deni lake la mbolea sasa linaishi nchi ya jirani. Sikuwa na jibu. Rejesta, hisa na madeni ya pembejeo ya wanachama wote yalikuwa katika mtambo wa kukodi ambao hakuna mtu chamani aliyejua uko nchi gani. Kilichotuokoa ni karani wa ghala, mtu wa makamo ambaye hakuiamini kompyuta, akaendelea kuandika kila mfuko wa mbolea kwa kalamu ya risasi katika daftari la shule. Tulikaa wiki tatu kuijenga upya hesabu kutokana na daftari lile na stakabadhi za wanachama wenyewe. Hata hivyo yalibaki madeni yasiyokuwa na ushahidi, na Mkutano Mkuu ulilazimika kuyafuta. Waliokubali kwa uaminifu wakakatwa, na waliokana wakapona. Chuki iliyotokea pale haijaisha mpaka leo.

Nami sijitoi katika lawama. Mkataba ule niliuona jaladani mwaka mmoja kabla. Niliuliza bei na saini za Bodi, nikaridhika. Sikuuliza msimbo uko wapi.

Msimbo ni neno ambalo kila katibu yampasa kulijua. Ndiyo maandishi asilia ya programu, yale anayoyaandika fundi kwa mkono wake kabla hayajageuzwa kuwa kitu cha kubonyeza. Mwenye msimbo aweza kumwita fundi mwingine akarekebisha. Asiye nao ni kama aliyenunua mashine ya kusaga isiyofunguka. Aghalabu chama hudhani kwamba kimenunua programu, ilhali kimenunua ruhusa ya kuitumia tu, tena ruhusa ya mwaka mmoja mmoja. Kununua ruhusa si kosa, kwani makampuni makubwa nayo hufanya hivyo. Kosa ni kutojua kwamba ndivyo ulivyofanya.

Asiseme mtu kwamba haya ni mashaka ya vyama vidogo. Tazameni M-Pesa, ambayo wengi wetu tunaitumia kila siku. Ilianza Kenya mwezi Machi 2007, ikaingia Tanzania mwaka 2008. Wengi hudhani programu yake ya kwanza iliandikwa Nairobi. Iliandikwa na kampuni ya Sagentia ya Cambridge, Uingereza, kwa ajili ya Vodafone, na kwa miaka kadhaa mitambo iliyotunza hesabu za Wakenya ilikuwa Ujerumani. Mama wa Kisumu akimtumia mwanawe wa Nakuru shilingi mia mbili, amri ilikwenda Ulaya na kurudi. Ilipofika mwaka 2015 ndipo Safaricom ilipohamia mtambo mpya wa Huawei ya China, ukawekwa nchini Kenya, na mwaka 2020 Safaricom pamoja na Vodacom zikainunua M-Pesa kutoka kwa Vodafone. Yaani kampuni tajiri kama ile ilihitaji miaka minane kuileta mitambo nyumbani na mitano mingine kuwa mwenye mali. Chama chenye kompyuta moja na jenereta yafaa kijadili jambo hili siku ya kwanza, kabla ya saini.

Mfano wa njia nyingine tunao karibu zaidi, na ni wa kutia moyo. Taarifa za kila mwezi za vituo vya afya huingizwa katika programu iitwayo DHIS2, ambayo kiini chake hutunzwa na Chuo Kikuu cha Oslo, Norway. Oslo ni mbali kuliko Nairobi mara nyingi, lakini msimbo wake uko wazi kwa kila mtu, na wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam wanaweza kuufungua na kuurekebisha wao wenyewe. Kwa hiyo umbali peke yake hauamui jambo.

Pamoja na msimbo, yako maandishi ya wanachama yenyewe: majina, hisa, kilo, madeni. Haya lazima yaweze kutolewa wakati wowote katika jedwali la kawaida ambalo kompyuta yoyote yaweza kulisoma. Sisi watu wa Kilosa na Mikumi hatuhitaji mwalimu kutueleza maana yake, kwa sababu tunaye Kidatu. Reli yetu inayotoka Kilosa kupitia Mikumi hadi Kidatu ina upana wa milimita 1,000. Reli ya TAZARA, iliyojengwa kati ya mwaka 1970 na 1975, ina upana wa milimita 1,067. Tofauti ni milimita 67, haitimizi vidole vinne vya mkono, na kwa ajili ya vidole hivyo behewa la kwetu haliwezi kuendelea na safari. Ilibidi kijengwe kituo cha kuhamishia mizigo pale Kidatu. Na treni ya umeme, iliyoanza safari za kufika Dodoma mwaka 2024 na inayopita Kilosa, ina reli yake ya milimita 1,435. Hakuna mhandisi aliyefanya kosa hapo. Kila mmoja alijenga kwa kipimo cha wakati wake na bwana wake. Programu nazo ndivyo zilivyo. Katibu asiyeuliza kipimo leo, kesho atahamisha mizigo kwa kichwa, jina kwa jina, kutoka programu ya zamani kwenda mpya, au kutoka programu yake kwenda mfumo wa MUVU wa Tume ya Maendeleo ya Ushirika. Mkaguzi wa COASCO naye atataka kuiona hesabu bila kuomba ruhusa nchi nyingine.

Mambo ya sheria na kodi nitayapitia haraka. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, inaweka masharti ya kupeleka taarifa za watu nje ya nchi, na rejesta ya wanachama ni taarifa za watu. Kenya na Uganda nazo zina sheria za namna hiyo tangu mwaka 2019, kwa hiyo kampuni ya huko haitashangaa ukiuliza, na ikishangaa, tafuta nyingine. Kuhusu kodi, malipo ya huduma kwa mtu asiye mkazi hukatwa kodi ya zuio ya asilimia 15, ilhali kwa mkazi ni asilimia 5. Chama kisipokata, TRA hukidai chama, si fundi. Bei ya jirani inayoonekana nafuu ihesabiwe pamoja na kodi hiyo na mabadiliko ya thamani ya shilingi.

Mkataba uwe na nakala ya Kiswahili inayosomwa mbele ya Bodi neno kwa neno. Useme mgogoro utaamuliwa wapi, kwa maana chama cha msingi hakina nauli ya kwenda kusikiliza kesi Nairobi mara nne. Nakala ya msimbo ikabidhiwe kwa wakili aliyekubaliwa na pande zote mbili, naye aitoe kwa chama endapo kampuni itafungwa au itanyamaza kwa muda uliotajwa. Na fedha ya mwisho isitolewe mpaka msimu mmoja mzima upite, tangu mzani wa kwanza hadi mkulima wa mwisho kulipwa.

Kunyamaza huko si jambo la makampuni madogo tu. Andela ilianza Lagos mwaka 2014, ikafungua Nairobi na baadaye Kampala, ikasifiwa dunia nzima kwa kuwafundisha vijana wa Afrika kuandika programu za makampuni ya Marekani. Mwezi Septemba 2019 ikawaachisha kazi mamia ya waandishi wake wachanga, kwa kuwa wateja walitaka mafundi wazoefu. Haikuwa hila, ilikuwa biashara. Wale vijana ni hodari, na baadhi yao wangeweza kutuandikia programu nzuri ya mzani. Ila mpango wao wa kazi haukukaa mikononi mwao, sembuse mikononi mwetu.

Rai yangu, ambayo mwaweza kuipinga katika vikao vyenu, ni kwamba chama kimoja kimoja kisiagize peke yake. Vyama vya miwa vya upande wa Mikumi vina hesabu zinazofanana. Vikiagiza kwa pamoja kupitia chama kikuu, vitaweza kumlipa kijana mmoja wa hapa, aliyehitimu Sokoine au Chuo Kikuu cha Ushirika Moshi, akae bega kwa bega na fundi wa jirani tangu siku ya kwanza na kuujua msimbo. Mshahara wake utaonekana mkubwa katika makisio. Wakulifuta deni la mbolea lisilo na ushahidi, wale wanachama wa barazani hawakuulizwa kama ni kubwa.

Zoezi la kikao kijacho cha Bodi kwa vyama vinavyotumia kompyuta: Mwenyekiti achague jina la mwanachama mmoja bila kumtaarifu katibu mapema. Intaneti izimwe. Katibu apewe nusu saa kuleta hisa, kilo na deni la mwanachama huyo kwenye karatasi, na mwanachama mwenyewe aitwe alinganishe na stakabadhi zake. Matokeo yaandikwe katika muhtasari, nami nitaomba kuuona nitakapopita.