Taa, Ufagio na Sarafu Moja

Ugomvi wa pesa katika ndoa si lazima uanze kwa shamba au ng'ombe. Mara nyingi huanza kwa shilingi ishirini. Mke anaulizwa chenji ya unga iko wapi, lakini mume aliyeuliza hasemi yeye ametumia ngapi njiani. Karo ikikosekana, kila mmoja anamnyoshea mwenzake kidole.

Wazee wetu waliheshimu pesa ndogo. Wakati wa ukoloni, senti moja, senti tano na senti kumi za Afrika Mashariki zilikuwa na tundu katikati, na mtu aliweza kuzitunga kwenye uzi. Sarafu za kwanza za Kenya huru, za mwaka 1966, hazikuwa na tundu, lakini watu waliendelea kuita senti tano ndururu, na senti kumi peni. Ndururu ishirini zilikuwa shilingi moja. Leo ndururu hainunui kitu, ila aliyeishiwa bado husema, "Sina hata ndururu."

Siku hizi pesa hutoka kwa simu bila mkono kuihisi. Shilingi ishirini kila siku ni shilingi 7,300 kwa mwaka. Haba na haba hujaza kibaba, na haba na haba hukimaliza pia.

Katika Luka 15:8-10, Bwana Yesu anafundisha furaha ya mbinguni kwa ajili ya mwenye dhambi anayetubu. Mfano wake ni wa nyumbani: mwanamke mwenye sarafu kumi amepoteza moja. Tujifunze kwake mambo matatu.

Kwanza, aliwasha taa. Pesa ya nyumba isitumiwe gizani. Hata kama mifuko ni miwili, hesabu iwe moja.

Pili, alifagia na kutafuta. Hakusema tisa zinatosha.

Tatu, alipoipata aliwaita majirani wafurahi pamoja naye. Uwekevu si uchoyo. Mume anayemhesabia mkewe chumvi huku akificha mshahara wake si mwekevu, anamdhulumu. Mke naye anayeongeza bei ya vitu ili abaki na kitu anavunja uaminifu, hata kama nia yake ni njema.

Wapendwa, jaribuni hivi kwa mwezi mmoja. Jumapili jioni, baada ya sala, kaeni na daftari. Kila mmoja asome alichotumia, na mume aanze. Msikatizane. Chenji iwekwe katika mkebe mmoja ambao watoto wanauona, na sehemu yake iwe sadaka, mkikumbuka mjane wa Marko 12:41-44. Mwisho wa mwezi amueni pamoja mkebe huo utafanya nini.

Maswali ya kujadiliana:
1. Ni matumizi gani madogo ambayo mwenzangu hayajui? Kwa nini nimeyaficha?
2. Tukiulizana juu ya pesa, tunaulizana kama wachumba au kama polisi na mshtakiwa?
3. Watoto wetu wanajifunza nini wanapotuona tukishika pesa?