Bahasha kubwa, gharama ndogo: jifunze kupiga hesabu ya posta kabla ya kulipa

Je, umewahi kufika kaunta ya posta na bahasha ya kaki mkononi, ukaambiwa bei, ukashtuka, lakini ukalipa tu kwa sababu foleni nyuma yako ni ndefu? Hauko peke yako. Wengi wetu tunajua bei ya unga, ya tokeni za stima na ya bando, ila bei ya kutuma karatasi kumi tunaiachia kaunta ituambie.

Katika somo la leo tunakuonyesha jinsi ya kujua uzito wa bahasha ukiwa nyumbani, mahali pesa zinapovuja, na namna ya kulipa mara moja bila kurudi rudi. Ni hesabu ya darasa la nne tu. Kalamu na karatasi zinatosha.

Kwanza, tuweke mfano mezani

Tuseme wewe ni katibu wa chama cha akiba mjini Voi. Mna wanachama 30, baadhi wamehamia Mombasa, Nairobi na Kisumu, na wazee kadhaa hawana simu za kufungua faili. Katiba ya chama inasema kila mwanachama apate ripoti ya mwaka kwa maandishi kabla ya mkutano mkuu. Ripoti ina kurasa 12. Pesa ya kazi hii inatoka kwenye mfuko wa chama, na siku ya mkutano utasimama mbele ya watu uieleze, shilingi kwa shilingi.

Hapo ndipo hesabu ya posta inapoacha kuwa jambo dogo.

Hatua ya 1: Jua uzito bila mizani

Karatasi ya kawaida ya A4, ile ya kutolea kopi, huandikwa gramu 80 kwenye pakiti yake. Wengi hudhani hiyo ndiyo gramu ya karatasi moja. La. Ni uzito wa mita moja ya mraba ya karatasi hiyo, na mita moja ya mraba hutoa karatasi 16 za A4. Gawanya 80 kwa 16, unapata 5.

Kwa hivyo shika hii kichwani: karatasi moja ya A4 ni gramu 5. Karatasi 20 ni gramu 100. Pakiti nzima ya karatasi 500 ni kilo mbili na nusu.

Sasa ongeza bahasha yenyewe. Bahasha ya C4, ile inayomeza A4 bila kukunjwa, huwa kama gramu 15 hadi 20. Bahasha ya C5, inayoingia A4 iliyokunjwa mara moja, ni karibu nusu ya hapo. Ile ndefu nyembamba ya barua, DL, inayoingia A4 iliyokunjwa sehemu tatu, ni kama gramu 5.

Ukitaka uhakika zaidi na mizani ya dukani haisomi gramu chache, weka bahasha kumi zinazofanana kwa pamoja, kisha gawanya jibu kwa kumi. Ukikosa mizani kabisa, laza rula juu ya penseli katikati kama bembea. Bahasha yako iwe upande mmoja, na upande wa pili uongeze karatasi tupu za A4 zilizokunjwa mpaka rula ilingane. Hesabu karatasi, zidisha kwa 5. Haitakuwa sawa kabisa, ila itakuambia kama uko karibu na gramu 40 au 80.

Hatua ya 2: Elewa ngazi za bei

Posta haitozi kwa kila gramu. Bei hupanda kwa ngazi: mpaka uzito fulani ni bei hii, ukizidi kidogo tu unaruka ngazi ya pili na kulipa bei yake yote. Ni kama ada za kutuma pesa kwa simu. Ukipita kiwango kwa shilingi moja, ada ni ya kundi la juu.

Kwa hivyo swali la kuuliza kaunta si "Hii ni pesa ngapi?" peke yake. Uliza pia: "Ngazi hii inaishia gramu ngapi?" Jibu la swali hilo la pili ndilo linalookoa pesa.

Turudi Voi. Kwa ajili ya somo hili tu, tuseme ngazi ziko hivi: mpaka gramu 20 ni Sh50, mpaka gramu 50 ni Sh80, na mpaka gramu 100 ni Sh120. Bei halisi utapewa kaunta siku unayotuma.

Njia ya kwanza: kurasa 12 zimechapwa upande mmoja, karatasi 12. Hiyo ni gramu 60. Ongeza C4 ya gramu 18, jumla gramu 78. Iko ngazi ya tatu, Sh120. Mara 30 ni Sh3,600.

Njia ya pili: kurasa 12 zimechapwa pande mbili, karatasi 6. Hiyo ni gramu 30. Kunja mara moja uingize kwenye C5 ya gramu 9, jumla gramu 39. Iko ngazi ya pili, Sh80. Mara 30 ni Sh2,400.

Umeokoa Sh1,200, na saiba umepunguza karatasi 180. Ripoti ni ileile, maneno ni yaleyale. Hakuna mwanachama aliyekosa chochote.

Hatua ya 3: Ondoa mizigo isiyo na kazi

Kabla ya kufunga bahasha, itazame tena. Ile faili ya plastiki unayoweka ili kazi ionekane safi inaweza kuwa nzito kuliko karatasi zote zilizo ndani. Kadibodi ya kuzuia kukunjika ni ya lazima kwa picha au cheti, si kwa ripoti. Klipu ya chuma hufika gramu moja au zaidi. Pini ya stepla ni nyepesi zaidi na inafanya kazi ileile. Na usitie bahasha ndani ya bahasha bila sababu.

Kama unatuma nje ya nchi, ukubwa nao unahesabiwa. Umoja wa Posta Duniani, uliozaliwa mjini Bern mwaka 1874, umegawanya barua za kimataifa kwa umbo. Barua ndogo mwisho wake ni milimita 165 kwa 245, unene milimita 5, uzito gramu 100. Barua kubwa mwisho wake ni milimita 305 kwa 381, unene milimita 20, gramu 500. Zaidi ya hapo unaingia kwenye kundi la vifurushi vidogo, ambalo kikomo chake ni kilo 2.

Pima na rula: C5 ni milimita 162 kwa 229, inaingia kundi la barua ndogo. C4 ni milimita 229 kwa 324, tayari ni barua kubwa hata ikiwa na karatasi moja ndani. Kama mwanao yuko Muscat au Minnesota na anataka nakala chache tu za hati, kunja mara moja utumie C5. Kukunja huko peke yake kunaweza kukubadilishia kundi.

Hatua ya 4: Chagua njia kwa thamani ya kilichomo

Hapa tunaomba usikilize vizuri, kwa sababu kuokoa pesa mahali pasipofaa ni hasara.

Barua ya kawaida inafaa ripoti, kadi za mwaliko, na nakala unazoweza kuchapa tena. Ikipotea, umepoteza karatasi.

Barua ya rejista ina namba na hutiwa saini. Inafaa karatasi ambazo siku moja unaweza kuulizwa, "Una ushahidi gani kwamba ulituma?" Notisi ya kisheria, barua ya kujiuzulu, madai ya malipo, zote ni za hapa.

EMS na kampuni nyingine za kusafirisha ni kwa kitu cha haraka au cha thamani. Kumbuka kwamba wengi wao hupima pia nafasi, si uzito tu. Kanuni inayotumika sana ni hii: urefu mara upana mara kimo kwa sentimita, gawanya kwa 5,000, unapata kilo za kutozwa. Ukitia hati za nusu kilo kwenye boksi la viatu la sentimita 33 kwa 20 kwa 12, hesabu inatoka kilo 1.58. Utalipia hewa. Hati zitie kwenye bahasha ngumu.

Basi au matatu ni haraka na mara nyingi ni nafuu, na wengi wetu tunatuma hivyo kila wiki. Lakini dai risiti yenye namba, na mpokeaji ajue ni ofisi ipi ya stage atakayochukulia mzigo.

Cheti halisi cha shule, hati ya shamba, pasipoti: hivi visitumwe kwa njia ya bei rahisi kabisa eti umeokoa mia mbili. Kutafuta kingine ni safari, ada na wiki kadhaa za kungoja. Na kama ulichoombwa ni nakala, tuma nakala. Cha asili kibaki kabatini.

Hatua ya 5: Lipa mara moja, na uweke ushahidi

Sasa tufike upande wetu, malipo.

Jumlisha kwanza. Bahasha 30 zikipimwa pamoja kaunta, lipa jumla yake kwa mkupuo mmoja. Ukilipa moja moja, na malipo hayo yana ada kwa mlipaji, utatozwa ada mara 30.

Soma jina kabla ya PIN. Baada ya kuweka namba ya paybill au till, angalia jina linalotokea kwenye simu. Kama si la ofisi uliyosimama mbele yake, simamisha hapo hapo.

Hifadhi ujumbe. Usiufute. Andika namba ya muamala kwenye daftari la chama, kando yake idadi ya bahasha na tarehe. Siku ya mkutano mtu akiuliza "Sh2,400 zilienda wapi?", utafungua ukurasa mmoja tu.

Jihadhari na ujumbe wa ulaghai. Kuna SMS zinazosema, "Kifurushi chako kimezuiliwa, lipa ada ndogo hapa," pamoja na kiungo cha kubonyeza. Pesa inayoombwa huwa ndogo ili usifikirie sana. Shabaha yao ni PIN yako au taarifa za kadi. Usibonyeze. Kama kweli unangoja kitu, nenda ofisini au piga namba iliyo kwenye risiti yako. Hakuna barua duniani inayofunguliwa kwa PIN yako, na sisi wenyewe hatutakuuliza PIN hata siku moja.

Makosa matatu yanayogharimu zaidi

La kwanza ni kubandika stempu kwa kukisia. Ukizidisha, umepoteza. Ukipunguza, barua inaweza kucheleweshwa au mpokeaji adaiwe pesa iliyopungua. Fikiria mzee wa chama anaitwa posta kulipia ripoti yake mwenyewe.

La pili ni msimbo wa posta. Nambari moja ya sanduku inaweza kuwepo katika ofisi nyingi. GPO ya Nairobi ni 00100, City Square ni 00200, Mombasa GPO ni 80100. Ukikosea msimbo, barua inaenda sanduku la mtu mwingine, na utalipa tena kutuma upya.

La tatu ni kungoja siku ya mwisho. Anayetuma mapema ana uhuru wa kuchagua njia ya bei nafuu. Aliyechelewa huchaguliwa na saa.

Jipime

Unaomba kazi. Una barua ya ukurasa 1, wasifu wa kurasa 4 na nakala 5 za vyeti. Ukichapa zote upande mmoja na kutumia C4 ya gramu 18, uzito ni ngapi? Na je, unaweza kushuka chini ya gramu 50?

Jibu: karatasi 10 ni gramu 50, pamoja na bahasha ni gramu 68. Ukichapa wasifu pande mbili, karatasi zinabaki 8, gramu 40. Na C4 ni 58. Bado uko juu. Ukikunja nakala uingize kwenye C5 ya gramu 9, unafika 49.

Umeshuka, lakini kwa gramu moja tu. Klipu moja inakurudisha juu. Kwa hivyo tumia pini, usibandike stempu nyumbani, na umwombe mhudumu apime kwanza. Ukiona mizani imesoma 51, bado una nafasi ya kutoa kitu kabla ya kulipa.

Wakati mwingine ukienda kaunta, nenda na jibu lako limeandikwa kwa penseli nyuma ya bahasha. Mizani ikikubaliana nawe, lipa, chukua risiti, uende zako.