Mtalaka wa Hadithini na Yule wa Tarasaa

"Shangazi, naandika hadithi ya mapenzi na kuisambaza kwa simu, sura moja kila Ijumaa. Husomwa hapa Garsen hadi Hola. Msichana wa hadithi yangu ameolewa na mtu aliyemwacha mkewe, na wasomaji wananihimiza nimpeleke mtalaka huyo kwa mganga, aumbuke. Nimeanza kuwatii. Lakini mume wangu naye ana mtalaka, yuko Tarasaa, na mtoto wao wa miaka 13 tunaishi naye. Mtoto huyo ameisoma hadithi. Tangu siku hiyo ananijibu salamu tu. Niache kuandika?"
– Mwandishi, Garsen

Mwanangu, usiache. Ila Ijumaa hii usitume kitu, maana mtoto anawatangulia wasomaji.

Mwite mkiwa wawili, baba yake asiwepo. Usimwambie kwamba hadithi ni hadithi. Aliyoyasoma ameyaelewa: amemwona mwanamke aliye mahali pa mama yake, na umati unaomba aaibishwe, nawe unaukubalia. Mwambie hilo limekuumiza wewe pia, kisha mwache aseme, hata akisema kwa ukali.

Sasa tuje kwenye hadithi. Waandishi wengi wa mapenzi humpa mke wa awali kazi ya kuchelewesha furaha ya wengine, basi. Charlotte Brontë alifanya hivyo mwaka 1847 katika Jane Eyre: mke wa kwanza amefungiwa juu ya nyumba, anasikika kwa vicheko na moto, na hapati nafasi ya kujieleza. Ilimchukua Jean Rhys, mzaliwa wa Dominica, hadi 1966 kumwandikia mwanamke yule kitabu chake, chenye utoto wake na sababu zake. Kwetu, Euphrase Kezilahabi katika Rosa Mistika (1971) alionyesha upande mchungu zaidi: mchumba anamkataa Rosa kwa sababu ya wanaume waliotangulia. Na hapo kwenu Delta, watu wanamjua Liyongo na mwanawe aliyemchoma kwa sindano ya shaba. Mama wa kijana yule, binti wa Wagala aliyeozwa ili ukoo upate mbegu ya shujaa, nani humsimulia?

Mimi naamini mtalaka ndiye mhusika mwenye thamani kuliko wote katika hadithi yako, kwa kuwa ndiye shahidi. Amelala na njaa ya mwanamume yule, ameziona hasira zake, anajua ahadi anazozitoa akiwa na haja. Msichana wako anamjua bwana harusi tu. Wakutanishe hao wawili uone maneno yatakavyotoka yenyewe.

Wala hukosi mahali pa kuwakutanishia. Ndoa uliyoiandika katika sura zako ni ya Kiislamu, na talaka ya rejea ina eda: muda wa tohara tatu ambao mume angeweza kumrudia mkewe bila nikahi mpya. Umeiruka kwa sentensi moja! Ni nani aliyekuja barazani miezi ile? Mume alifika mlangoni akageuka, au hakufika kabisa? Jibu lolote utakalochagua litabadilisha namna tunavyomtazama mume mpya wa msichana wako, na hapo ndipo wasomaji watakaposahau habari za mganga. Tena Tana hufurika. Mafuriko ya 2018 na ya 2024 yaliwahamisha watu kwenda sehemu zilizoinuka, na kambini mtu hachagui jirani. Waweke wanawake hao kwenye foleni moja ya maji, mmoja akiwa na mtoto wa mwenzake mgongoni.

Kama hadithi itataka mtalaka awe mkosaji, na awe. Watu huachana kwa makosa ya kweli. Lakini mpe kosa la mtu, lenye chanzo, wala si uchawi unaosemwa juu ya kila mwanamke aliyeachwa.

Bado yule wa Tarasaa. Usingoje habari zimfikie kwa midomo ya watu. Panda bodaboda na mtoto, siku isiyo na sherehe wala matanga, umwambie mwenyewe umeandika nini na umefuta nini. Akikuomba uondoe jambo linalofanana na maisha yake, liondoe. Sura ya mganga ifute kabla hujaondoka Garsen, ili ukifika uweze kumwambia imeshafutwa.