Ben R. Mtobwa na Msomaji wa Kando ya Barabara: Maisha, Kazi na Lugha ya Anwani

1.0 Utangulizi

Makala hii inachunguza kazi ya Ben R. Mtobwa (1958–2008) kwa kuanzia mahali ambapo wahakiki hawana desturi ya kuanzia, yaani jalada la kitabu. Uhakiki wa fasihi ya Kiswahili umezoea kutenga riwaya dhati na riwaya pendwa, na Mtobwa huwekwa katika kundi la pili bila mjadala mrefu. Utengano huo una manufaa yake darasani. Kwa mwanaisimu, hata hivyo, umeleta hasara: matini zilizopendwa na wasomaji wa mjini zimeachwa nje ya data yake.

2.0 Mwandishi na utanzu wake

Mtobwa alizaliwa mkoani Kigoma, na jina lake la uandishi likakulia Dar es Salaam. Utanzu aliouchagua ulikwisha kupita mikono mingi. Hadithi ya upelelezi ilianza kama hadithi fupi kwa kalamu ya Mmarekani Edgar Allan Poe mwaka 1841, ikaendelezwa Uingereza na Arthur Conan Doyle, kisha ikavaa kanzu ya Kiunguja kwa Bwana Msa wa Muhammed Said Abdulla katika Mzimu wa Watu wa Kale (1960). Bara ikafuata Simu ya Kifo (1965) ya Faraji Katalambulla, na baadaye Willy Gamba wa Elvis Musiba. Gamba ni mtumishi wa dola. Joram Kiango wa Mtobwa ni mpelelezi wa kujitegemea, anayeshirikiana na Inspekta Kombora bila ya kuwa chini yake.

Kujitegemea huko kulimhusu mwandishi pia. Katika miaka ya 1980 uhaba wa karatasi na wa fedha za kigeni uliyadhoofisha mashirika ya umma ya uchapishaji, na waandishi kadhaa wakajichapishia wenyewe. Mtobwa alianzisha kampuni ya Heko. Dar es Salaam Usiku ilitoka mwaka 1990, na tafsiri yake ya Kiingereza ikatolewa Nairobi mwaka 1999.

3.0 Anwani kama mwito

Kariakoo na katikati ya jiji, vitabu vya aina hii huuzwa pia kando ya barabara, vikiwa vimetandazwa chini. Mpita njia husimama kidogo tu. Anwani ndiyo inayomwita. Anwani za watangulizi wengi ni virai nomino vyenye kihusishi cha -a: Kisima cha Giningi, Simu ya Kifo, Kikosi cha Kisasi. Zinataja kitu. (Duniani Kuna Watu ya Abdulla ni sentensi, lakini ni sentensi isiyo na msemaji mahususi.) Mtobwa hupenda sentensi yenye nafsi: Tutarudi na Roho Zetu? ni swali la hao wanaoondoka. Pesa Zako Zinanuka inamsuta aliyeshika kitabu, tena kabla hajalipa.

Najisikia Kuua Tena inastahili kuangaliwa kwa makini zaidi. Umbo 'najisikia' lina utata: laweza kuwa la njeo ya -a-, au ufupisho wa 'ninajisikia' unaosikika kila siku Dar es Salaam. Muktadha wa msemaji anayekiri hali yake ya sasa unaelekeza kwenye ufupisho. Vivyo hivyo 'toka' badala ya 'kutoka' katika Salamu Toka Kuzimu. Mhariri mwangalifu wa kitabu cha shule angesahihisha vyote viwili, naye angekuwa amefuta ushahidi. Jina Kariakoo lenyewe, tukumbuke, limetokana na Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa jeshi la Waingereza katika Vita Kuu ya Kwanza. Tamko la mdomoni ndilo lililodumu.

Kwa hiyo chapa za kwanza zahitaji kukusanywa kabla hazijachakaa. Mtafiti atakayezipata aanze kwa kulinganisha 'na-' na 'nina-' katika usemi wa Kiango na wa Kombora, kwa kuwa mmoja ni raia na mwingine ni afisa wa serikali.